Sauti Gizani: Sinema ya Majaribio Kutoka Wakaliga Hadi Kitale

Mhadhara wa jioni uliotolewa mjini Bungoma mbele ya wanafunzi, walimu na wapenzi wa sanaa

 

Nilipomwambia rafiki yangu mmoja kwamba nakuja Bungoma kuzungumza juu ya sinema ya majaribio na sanaa ya chini kwa chini, alishangaa. Mada kama hiyo, alisema, ni ya Nairobi. Huku ni mahindi na miwa. Namheshimu rafiki yangu, lakini hapo alikosea, na nimekuja kueleza kwa nini. Nasema hivi: jaribio kubwa kuliko yote ambalo Afrika Mashariki imelifanya katika sinema ni lile la mtu kukaa kando ya picha na kuisimulia upya kwa sauti yake, mbele ya watu wanaomjibu. Jaribio hilo lilifanyika mabandani, bila ruzuku, bila cheti, mara nyingi bila leseni, katika miji kama yetu hii. Tuliliona kwa macho yetu tukadhani ni mchezo wa watoto.

Kibanda cha nyuma ya soko

Niruhusuni nianzie Kitale. Nikiwa darasa la sita, nyuma ya soko palikuwa na kibanda cha vidio, cha mabati matupu. Madirisha yalizibwa kwa magunia na nailoni nyeusi. Nje paliegemezwa ubao wa chaki wenye majina ya picha za siku hiyo, na spika moja ilitolewa mlangoni ili mlio wa makonde usikike hadi barabarani. Kiingilio kilikuwa shilingi tano. Aliyekuwa na tatu alisimama karibu na mlango, akingoja mwenye kibanda apoe moyo. Ndani mlikuwa na televisheni juu ya kreti za soda, deki ya kaseti, mabenchi ya mbao zisizopigwa randa, vumbi, jasho na harufu ya njugu. Kando ya televisheni aliketi kijana mwenye kipaza sauti kilichofungwa kwa utepe mweusi. Picha zilikuwa za Kiingereza na Kichina. Sisi tulisikia Kiswahili.

Kijana yule hakuwa mkalimani. Kiingereza chake kilikuwa cha shule ya msingi, na Kichina hakujua hata neno moja. Alichofanya ni kutazama uso wa mtu kwenye kioo, kisha akampa maneno. Adui akawa karani wa ghala anayewapunja wakulima kwenye mizani. Mzee mwenye ndevu nyeupe aliyemfundisha staringi ngumi akaitwa Kuka, yaani babu. Staringi alipokimbilia msituni, tukaambiwa yuko Mlima Elgon anatafuta pango la kujificha. Tuliamini, kwa sababu mlima wenyewe ulionekana ukitoka nje ya kibanda.

Jumamosi moja stima ilipotea staringi akining'inia kwenye ukingo wa mwamba. Kibanda kikawa giza totoro. Wale wakubwa wakaanza kudai pesa zao. Yule kijana akasema, tulieni, kisha akaendelea. Kipaza sauti hakikufanya kazi, akaongea kwa sauti yake tu. Alimshusha staringi kwenye mwamba kwa mzizi wa mti, akamvusha mto, akamkutanisha na dada yake waliyepotezana tangu utotoni. Alipiga meza kila konde lilipotua. Mtu fulani kule nyuma akaongeza kwato za farasi kwa kugonga benchi, mwingine akawa mvua. Hakuna aliyetoka. Baada ya kama nusu saa stima ikarudi, mkanda ukaendelea pale ulipoachia, na staringi akaokolewa kwa helikopta. Watoto tukanung'unika. Tuliona mkanda ndio umekosea.

Nimesoma mengi juu ya sinema tangu siku hiyo, nimekaa katika kumbi nzuri zenye viti vya mahameli, lakini sijapata kuona jaribio la kijasiri kuliko lile.

Majaribio ya wageni

Neno hili, majaribio, limeingia katika sinema yetu kwa mlango mwingine kabisa. Kati ya 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Tanganyika, kulikuwa na mradi ulioitwa waziwazi jaribio: jaribio la sinema ya elimu kwa Wabantu. Ulianzishwa kwa msaada wa Baraza la Kimataifa la Wamisionari na fedha za shirika la Carnegie la Marekani, ukaongozwa na Waingereza wawili, Meja Notcutt na Bwana Latham. Walitengeneza filamu 35 hivi, fupi, juu ya safura, mmomonyoko wa udongo, kodi, akiba ya posta na kilimo cha kahawa. Picha zilikuwa bubu. Maneno yalitoka kwenye sahani za santuri zilizochezwa pamoja nazo, kwa lugha mbalimbali za eneo hili. Wakafunga mashine kwenye gari, wakazunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini.

Aliyekuwa akijaribiwa ni nani? Ni mtazamaji. Walitaka kujua kama Mwafrika anaweza kufuata picha, anacheka wapi, anaelewa nini. Vita vilipoanza, 1939, Uingereza ikaunda Kitengo cha Filamu za Makoloni, chini ya William Sellers, na kikaja na kanuni zake: picha kwa Waafrika ziende polepole, zisiruke kutoka mahali hadi mahali, zisiwe na ufundi wa kamera. Yaani kila kilichoifanya sinema kuwa sanaa kiliondolewa kwa makusudi kabla haijatufikia.

Kuna kisa kimoja maarufu kutoka zama hizo, alichokisimulia John Wilson wa Chuo Kikuu cha London, na ambacho Marshall McLuhan alikitia katika kitabu chake cha 1962, The Gutenberg Galaxy. Wanakijiji walionyeshwa filamu ya polepole ya mfanyakazi wa afya akiondoa maji yaliyotuama. Walipoulizwa wameona nini, wakajibu: kuku. Wataalamu hawakujua kwamba filamu yao ina kuku. Wakaipitia picha baada ya picha, wakamkuta kweli, amekatiza pembeni kwa muda wa kama sekunde moja.

Kisa hiki kimetumiwa miaka mingi kuonyesha kwamba watu wetu hawakujua kutazama. Mimi nakisoma kinyume. Watu wale waliona kitu ambacho waliopiga filamu, waliohariri filamu na walioizungusha hawakukiona. Kwa mtu wa kijijini, kuku anayekurupuka ni habari: amemkimbia nani, ni wa nani, ameharibu nini? Mtazamaji alikuwa tayari ana hadithi yake ndani ya picha ya mwingine. Kilichokosekana ni mtu wa kumpa kipaza sauti.

Waliochukua kipaza sauti

Kipaza sauti kilikuja kuchukuliwa baadaye, bila kuomba. Kaseti za vidio zilipoenea katika miaka ya 1980 na 1990, vibanda viliota kila mahali, na msimulizi akazaliwa ndani yake. Tanzania walimjua Lufufu, ambaye kanda zilizobeba sauti yake zilitafutwa kwa jina lake, si kwa jina la mwigizaji. Uganda walimwita msimulizi VJ, yaani mchekeshaji wa vidio, na majina kama VJ Jingo na VJ Junior yakawa makubwa kuliko ya nyota wa Hollywood. Sisi Kenya tukampata DJ Afro, ambaye diski zake zilisafiri kwa matatu na kwa mabasi hadi kwenye vibanda vya Matisi, Kanduyi na Chwele.

Huu si ushamba wetu peke yetu. Japani, enzi za sinema bubu, kila ukumbi ulikuwa na msimulizi aliyeitwa benshi. Watu waliangalia kwanza nani anasimulia ndipo wakaangalia ni filamu gani. Kaka yake mwongozaji mkubwa Akira Kurosawa alikuwa benshi, akapoteza kazi filamu zenye sauti zilipoingia. Leo Wajapani wanawahesabu wale watu miongoni mwa wasanii wao. Sisi wetu tuliwaita wavivu wa vidio.

Na hapa Bungoma hatukuhitaji kwenda mbali hadi Japani. Wazee waliomo humu wamehudhuria kumuse, hotuba ya matanga ya Wabukusu. Mzee wa heshima akishazikwa, omuswasi, msemaji wa kumuse, husimama kati ya watu na fimbo yake, akaanza kutembea huku na huku, akisema ukoo ulikotoka, nani alipigana na nani, nini kimeharibika na nini kinaweza kutengenezwa. Watu huketi kimya. Marehemu Manguliechi alijua kuushika uwanja mzima kwa saa nyingi bila karatasi. Mbele yake hapakuwa na picha hata moja, na bado kila mtu aliona. Sisemi kijana wa kibanda alikuwa sawa na omuswasi. Mmoja hubeba mauti ya ukoo, mwingine hubeba ngumi za Hong Kong. Lakini kipaji kile cha kutembea na kuongea hadi watu waone, kilikuwa kimekaa katika ardhi hii kabla stima haijafika.

Matofali ya Wakaliga

Sasa tuvuke mpaka. Kutoka hapa hadi Malaba ni mwendo mfupi, na basi likishavuka mpaka, Kampala si mbali. Pembezoni mwa jiji hilo kuna mtaa wa Wakaliga, wenye mitaro wazi na nyumba za matofali. Ndiko anakoishi Isaac Nabwana, aliyekuwa mfyatua matofali. Mwaka 2005 alianzisha kampuni ya filamu akaiita Ramon, jina alilolitoa kwenye majina ya nyanya zake wawili.

Nabwana alipokuwa mtoto hakupelekwa sinema. Kaka zake ndio waliokwenda, wakarudi nyumbani wakamsimulia. Naomba mlitafakari jambo hilo. Mtu ambaye leo filamu zake zinajulikana duniani aliipokea sinema kwanza kwa masikio.

Mwaka 2010 alitengeneza filamu ya mapigano iitwayo Who Killed Captain Alex? Inasemekana gharama yake haikufika dola 200. Kompyuta aliiunganisha mwenyewe kwa vipuri vya kuokoteza. Bunduki zilichongwa kwa mbao na kuchomelewa kwa vyuma chakavu. Kitambaa cha kijani kilitundikwa ukutani, na helikopta zikachorwa ndani ya kompyuta. Damu mwanzoni ilikuwa ya ng'ombe, hadi mwigizaji mmoja alipougua, wakahamia kwenye rangi ya chakula. Waigizaji walikuwa majirani, na wao wenyewe walibeba nakala kwenda kuziuza nyumba kwa nyumba.

Kisha yakatokea mambo mawili. La kwanza, diski ya kompyuta ilijaa. Nabwana alikuwa na filamu nyingine ya kutengeneza na hakuwa na pesa za diski mpya, akaifuta ile ya zamani. La pili, nakala iliyosalia ni ile aliyoisimulia VJ Emmie, mwenye kupiga kelele, kutania waigizaji, kumsifu shujaa na kumwonya mtazamaji kwamba mambo yanakuja. Kwa hiyo dunia nzima inayoitazama filamu hiyo leo, inaitazama pamoja na sauti ya kibanda. Filamu isiyo na msimulizi haipo tena popote. Waliosoma sinema vyuoni wanaandika makala marefu juu ya kuvunja ukuta kati ya filamu na mtazamaji. Wakaliga ukuta huo haukujengwa.

Mwaka 2022 watu wa Wakaliga walialikwa documenta, maonyesho makubwa ya sanaa ya mji wa Kassel, Ujerumani. Kwenye maonyesho hayohayo walikuwapo Wajukuu, kundi la wasanii wa Mukuru, Nairobi. Mabati na vyuma chakavu, vitu vya mtaa ambao ramani nyingi huuruka, vilisimama mbele ya wageni wa dunia nzima. Wala si wa kwanza: tangu 2001, Kibera imekuwa na Maasai Mbili, kundi lililoanzishwa na wachoraji wa mabango ya vinyozi na vibanda.

Sheria na giza

Sanaa ya chini kwa chini huenda chini kwa sababu mbili: umaskini na katazo. Umaskini tumeuona. Katazo nalo si la kwetu tu. New York katika miaka ya 1960, mkimbizi kutoka Lithuania, Jonas Mekas, aliwakusanya wapiga filamu waliokataliwa na kumbi, wakaanzisha ushirika wao 1962. Mwaka 1964 akakamatwa na polisi kwa kuonyesha filamu iliyohesabiwa chafu. Alipoachiwa akaendelea, na 1970 akashiriki kuanzisha hifadhi ya filamu ambayo hadi leo inatunza kazi zilizodharauliwa.

Kenya tuna Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222. Ilipitishwa 1962, mwaka mmoja kabla ya uhuru, na inataka leseni kabla ya kupiga filamu na ukaguzi kabla ya kuonyesha. Mwaka 2014, kundi la The Nest la Nairobi lilitengeneza Stories of Our Lives, filamu ya rangi nyeusi na nyeupe yenye hadithi tano za Wakenya wanaopenda watu wa jinsia yao. Ikaonyeshwa Toronto, ikapigwa marufuku nyumbani. Mwaka 2018, Rafiki ya Wanuri Kahiu ikawa filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa Cannes, nayo ikapigwa marufuku hapa. Mahakama Kuu ilipoliondoa katazo kwa siku 7, watu walijaa kumbi. Humu ndani tunaweza kutofautiana juu ya yaliyomo katika filamu hizo, na tutofautiane kwa adabu. Ombi langu ni kwamba mtu aone ndipo ahukumu. Sheria iliyotungwa na mkoloni kwa mtazamaji ambaye hakumwamini, haitufai tena.

Nami nisiwasifu watu wa vibanda kupita kiasi. Vilikuwa vya wavulana. Dada yangu hakuwahi kukanyaga kile cha Kitale; msichana aliyeonekana mlangoni alisemwa mtaa mzima. Kanda zilinakiliwa bila mwenyewe kupata senti. Ndiyo maana nawataja kwa heshima kubwa wanawake waliopitia njia nyingine: Anne Mungai aliyetoa Saikati 1992, Wanjiru Kinyanjui aliyetoa The Battle of the Sacred Tree 1995, na Wanuri Kahiu huyohuyo, ambaye 2009, kwa filamu fupi ya Pumzi, alituonyesha dunia isiyo na maji na msichana anayetoka nje kwenda kupanda mbegu moja. Filamu hiyo ina maneno machache mno. Jaribio lake lilikuwa la ukimya.

Tufanye nini

Nina mambo matatu, nayo yanawezekana kwa mfuko wetu.

La kwanza, tuwatafute wasimulizi wa zamani. Vibanda vimefungwa, simu imevimaliza. Wale vijana sasa ni watu wazima, wengine waendesha boda, wengine mafundi wa redio. Waketishwe, wawekewe picha waliyoisimulia zamani, warekodiwe wakiisimulia tena. Nakala ziwe mbili, katika mahali pawili, maana tumeona diski moja iliyojaa inaweza kufuta nini. Makumbusho ya Kitale yalianza 1926 kwa mkusanyo wa mlowezi mmoja, Stoneham, aliyependa wadudu na vipepeo. Mwaka 1974 yakafunguliwa kuwa makumbusho ya kitaifa. Kama kipepeo alistahili kabati la kioo, sauti iliyolea kizazi kizima inastahili rafu.

La pili nawaambia walimu. Tamasha letu la kitaifa la maigizo ya shule sasa ni la maigizo na filamu. Ni jambo zuri sana. Lakini nimeona wanafunzi wakihangaika kuiga televisheni ya Nairobi, na nyumbani kwao kuna kinubi cha litungu, kuna kilima cha Chetambe, kuna kiwanda cha karatasi cha Webuye kilichofungwa 2009 na baba zao wakarudi mashambani. Waacheni wajaribu. Filamu isiyoeleweka mara moja isipewe sufuri kwa sababu hiyo tu.

La tatu ni la vijana, na ndilo ninalolipenda zaidi. Piga filamu kwa simu, dakika tano au saba. Usiitie sauti. Ipeleke mahali penye watu, tundika shuka, mpe mtu kipaza sauti aisimulie bila kuiona kabla. Kesho yake mpe mwingine: mama wa sokoni, nyanya yako, mtoto wa darasa la nne. Andika watu walicheka wapi, walijibu nini, walimwona kuku gani ambaye wewe hukumwona. Hapo ndipo urudi ukahariri. Vugiri walitujaribu sisi. Safari hii tujaribu picha.

Mwenyekiti, muda umenitupa mkono. Nimekuja na shuka nyeupe, ile pale ukutani, na projekta ya kuazima. Nimekuja pia na filamu ya dakika saba niliyoipiga kwa simu alfajiri ya leo pale Kanduyi: malori yanayongoja kwenda Malaba, mwanamke anayefunua sufuria ya uji, mvulana mwenye mfuko mgongoni asiyejua apande gari lipi. Haina neno hata moja. Naomba taa zizimwe. Kipaza sauti ni hiki. Nani ataanza?